Panda mihogo, mnazi usipande: kisa cha mlinzi wa shamba Kigamboni

Kisa hiki kinaanzia kwenye miche mitatu ya minazi iliyong'olewa asubuhi ya Jumamosi moja mwaka 1993, na aliyeing'oa ni yule yule aliyeipanda.

Wakati huo alikuwa kijana wa miaka thelathini na kidogo, katoka Lindi, ana mke na mtoto mmoja. Miche aliiomba kwa jirani. Alichimba mashimo nyuma ya kibanda, akatia majivu na chumvi kama alivyomwona baba yake akifanya, akazungushia miiba ili mbuzi wasifike. Mwenye shamba alikuwa na desturi ya kuja Jumamosi ya mwisho wa mwezi. Alivuka na pantoni, akafika, akawekewa kiti chini ya mwembe, akaletewa maji. Kisha akazunguka kukagua mihogo, na huko nyuma ndiko alikoiona ile miche. Hakufoka. Hakuwa mtu wa kufoka. Alisema, "Kijana wangu, hapa panda mihogo, panda kunde, panda bamia. Mnazi usipande." Basi. Kijana akaingia ndani kuchukua jembe.

Siku aliponisimulia habari hiyo alikuwa mzee wa zaidi ya miaka sitini, na alinionyesha kwa kidole mashimo yalipokuwa, moja, mbili, tatu, ingawa pale sasa pana uwanja mtupu wenye kuku.

Mimi ni msaidizi wa kisheria, wale tunaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Si wakili, sivai joho, nasikiliza watu na kuwaandikia barua. Kisa hiki nimekishughulikia mwenyewe, na pamoja na mengine nitaeleza nilipokosea. Majina nimeyaacha, mtaa sitautaja, na vitu viwili vitatu nimevigeuza ili wahusika wasitambulike. Huyu nitamwita Mzee. Mwenye shamba nitamwita kama Mzee mwenyewe alivyokuwa akimwita: Bwana Mkubwa.

Kwa nini mnazi

Mtu wa bara anaweza kuona neno lile la "mnazi usipande" ni ukorofi mdogo tu. Mtu wa pwani anaelewa mara moja. Kwa desturi za mwambao, mti na ardhi vinaweza kuwa na wenyewe tofauti. Mtu anauza minazi yake, anaiweka rahani, anairithisha watoto, na mchanga ulio chini ukabaki wa mwingine. Mhogo ukishang'olewa hauachi neno. Mnazi unakaa miaka sita hivi kabla ya kuzaa, kisha unaishi kuliko aliyeupanda. Anayepanda mnazi anasema wajukuu zake watakuwa hapa. Hata serikali ikitwaa eneo, mthamini anapita na daftari anahesabu mnazi, mwembe, mkorosho, kila shina na thamani yake.

Sharti hili halikuanza na Bwana Mkubwa. Wanavijiji waliokaa kwenye mashamba ya watu Unguja na Pemba kabla ya Mapinduzi ya 1964 walilijua vizuri: lima chakula chini ya miti ya tajiri, safisha shamba lake, ila mti wa kudumu usiweke. Dar es Salaam yenyewe, tangu Sultani Majid alipoanza kuijenga miaka ya 1860, ilizungukwa na mashamba ya minazi yaliyotunzwa na watu wasio na haki juu yake, na utumwa Tanganyika haukufutwa kwa sheria mpaka 1922. Kwa hiyo Bwana Mkubwa, ambaye alikuwa mtumishi wa serikali wa daraja la kati, msomi, mtoto wa mkulima, alipotamka maneno yale alikuwa anarudia sauti ya zamani sana. Sidhani kama alijua.

Mwenye mashamba wa namna hiyo leo tunamwita kabaila, ingawa neno lenyewe lilikuwa la heshima zamani, mtu wa nasaba, mtu wa ukoo. Siasa ndiyo iliyolitia ubaya. Azimio la Arusha la mwaka 1967 lilimtaka kila kiongozi wa TANU na wa Serikali awe mkulima au mfanyakazi, asishiriki jambo la kibepari wala la kikabaila. Kizazi cha Bwana Mkubwa kilikariri maneno hayo. Na nadhani, hii ni dhana yangu, hiyo ndiyo sababu mojawapo mahusiano ya shamba lile hayakuwahi kupewa jina. Kudai kodi kungekuwa ukabaila. Kumlipa mtu mshahara kungekuwa ubepari, na katikati ya miaka ya themanini mshahara wa Bwana Mkubwa mwenyewe ulikuwa haumfikishi tarehe kumi na tano. Ikabaki fadhila.

Walivyokutana

Katika miaka ile ya shida wafanyakazi wengi wa Dar walitafuta mashamba ya pembezoni ili wale. Kigamboni ilikuwa ng'ambo hasa, pori, korosho na njia za mchanga. Bwana Mkubwa alipewa ekari tano na serikali ya kijiji, wakati eneo lile bado ni kijiji, kwa barua ya ukurasa mmoja yenye muhuri. Nimeiona. Wino umefifia, lakini neno "alime" linasomeka.

Shamba likitelekezwa linarudi pori, na pori linaalika wavamizi. Zaidi ya hayo, anayepewa ardhi nchini hapa anapewa ili aiendeleze. Ardhi yote ni ya umma, Rais ndiye mdhamini, sisi wengine tuna haki ya kuitumia kwa masharti. Bwana Mkubwa alikuwa na kazi mjini na nyumba ya serikali Upanga. Alihitaji mikono. Mwaka 1989 mtu wa Feri akamletea kijana wa Lindi anayetafuta pa kujishikiza.

Masharti yalisemwa wakiwa wamesimama. Kaa hapa, jenga kibanda, lima unachokula, tunza mikorosho yangu, pasiwe pori. Mshahara haukutajwa, na kodi haikutajwa pia.

Yaliyofuata kwa miaka ishirini na mbili niliyasikia zaidi kwa mke wa Mzee kuliko kwa Mzee. Yeye ndiye mwenye hesabu. Niliwaomba wanikadirie walichokuwa wakipeleka Upanga, Mzee akasema, "Ah, vitu vidogo vidogo, salamu tu." Mama akaweka ungo chini. Magunia mawili ya mihogo kila mavuno, akasema. Korosho zote, kwa kuwa mikorosho ni ya Bwana Mkubwa. Maembe kwa tenga. Kuni mama mwenye nyumba akiwa na shughuli. Na jogoo kila Idi Kubwa: "Idi ishirini na mbili, majogoo ishirini na moja. Mwaka wa Elnino hatukupeleka, njia ilikatika."

Upande wa pili nao una hesabu yake, na sitaki niuchakachue. Mama alipopata uchungu wa mtoto wa tatu usiku, gari lililomkimbiza lilikuwa la Bwana Mkubwa. Sare na madaftari ya mtoto wa kwanza yalitoka Upanga. Mama mkwe wa Mzee alipofia pale shambani mwaka 2001, Bwana Mkubwa alivuka na sanda na kilo ishirini za mchele, akasimama kaburini, akasema azikwe pale pale, chini ya mkorosho wa kona. Baadaye mjukuu naye akazikwa pale. Siku ile ya mazishi, Mzee anasema na majirani wawili wanathibitisha, Bwana Mkubwa alimwambia: "Kona hii ni yako na wanao."

Bwana Mkubwa alifariki mwaka 2011. Wakabaki watoto wanne. Wa kwanza, Dada Mkubwa kwa wote, ndiye aliyekuwa akija shambani utotoni, akibebwa mabegani na Mzee kwenda kuangua maembe. Mpaka leo anamwita mjomba. Nawaomba mkumbuke neno hilo.

Fomu ya mwaka 2019

Daraja la Kigamboni lilifunguliwa Aprili 2016, na ng'ambo ikaacha kuwa ng'ambo. Madalali wakaanza kukaa na bajaji zao chini ya mwembe wa barabarani tangu asubuhi. Ekari ikaacha kutajwa kwa ekari. Watu wakaanza kuongea mita za mraba.

Mwaka 2019 ukapita upimaji wa urasimishaji. Ili eneo lipimwe kwa jina la mtu, majirani na mashahidi wanasaini kwamba ndilo lake. Msimamizi wa mirathi, mdogo wake Dada Mkubwa, alikuja na wapimaji, na kwa kuwa Mzee ndiye anayeijua mipaka kuliko mtu yeyote duniani, ndiye aliyewatembeza. Huku tunapakana na fulani, hapa palikuwa na mti wa mpaka, umekufa. Bikoni, yale mawe ya mpaka, zilichimbiwa alipoonyesha. Kisha akapewa fomu, akasaini.

Nakala ya fomu hiyo ninayo. Mstari wa mwisho wa mashahidi una sahihi yake ya herufi kubwa zilizoachana, na pembeni, kwa mwandiko wa mtu mwingine, neno moja: mlinzi.

Nilipoiona mara ya kwanza nilijua kisa kimeshapata mwisho wake kisheria. Miaka thelathini ya jembe imeingia kwenye neno moja la kalamu ya Bic. Nilimuuliza kwa nini alisaini. Alinitazama kama nimeuliza upuuzi: "Si ndilo shamba lao?"

Hapo ndipo watu wa mjini wanapomwona mjinga, na mimi sikubali. Mzee hakuwahi kudai ekari tano. Alijua shamba ni la nani, na alijua kona ni ya nani. Kichwani mwake hivyo viwili havikugongana, kama vile mnazi na mchanga visivyogongana. Fomu ndiyo iliyokuwa na nafasi ya jina moja tu.

Mwaka 2022 ikaja barua ya msimamizi wa mirathi: shamba limepata mnunuzi, ahame ndani ya siku thelathini, atapewa shilingi milioni mbili za kuanzia maisha. Kuanzia maisha, mtu wa miaka sitini na tatu.

Majina matatu ya mtu mmoja

Tulipokaa ofisini kuchambua, tuliandika ubaoni swali moja: huyu mtu ni nani pale shambani? Kila jina lina mlango wake wa sheria, na kila mlango tuliugonga.

Kama ni mfanyakazi, anadai ujira wa miaka yote na kiinua mgongo. Nchi ina viwango vya kima cha chini kwa kazi za mashambani. Lakini madai ya kazi yanapelekwa kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ndani ya siku 60, na ya kuachishwa kazi ndani ya siku 30, na Mzee alitufikia mwezi wa nne tangu barua. Kuomba kuongezewa muda kunawezekana, ila sababu iwe nzito. Na hata muda ukiongezwa, familia ilishakuwa na jibu: huyu hakuwa mfanyakazi, ni mtu wetu wa nyumbani, ni mjomba, tulimsaidia pa kuishi.

Basi kama ni mtu wa nyumbani, tuzungumze kona aliyopewa kaburini. Hapo jibu likageuka: kona gani? Yule ni mlinzi tu, ona fomu. Na ahadi ya mdomo sheria haiibebi. Sheria ya Ardhi Namba 4 ya mwaka 1999 inataka makubaliano ya kuhamisha haki ya ardhi yawe kwa maandishi. Mashahidi wa mazishi, sanda na mchele haviandikiki.

Ukabaki mlango wa tatu, ule ambao kila mkazi wa Dar anadhani anaujua: "Nimekaa miaka kumi na mbili, hawanitoi." Kweli, Sheria ya Ukomo inampa mwenye ardhi miaka 12 kuirejesha kutoka kwa aliyeikalia. Lakini hiyo ni kwa aliyeikalia kinyume na mwenyewe, waziwazi, bila ruhusa. Aliyekaribishwa ni mwalikwa, na Mahakama ya Rufani imeshasema wazi: mwalikwa hamiliki dhidi ya mwenyeji wake hata akae muda gani, hata kama ameendeleza eneo. Tazama sheria inavyomtazama Mzee, basi. Angekuwa mvamizi aliyeingia usiku mwaka 1989 na kumtukana Bwana Mkubwa kila Jumamosi, mwaka 2001 angekuwa na hoja. Kwa kuwa alipeleka majogoo ishirini na moja, hana. Kila jogoo lilikuwa risiti, lakini iliyokatwa kwa jina la mwenye shamba.

Kanuni yenyewe ninaielewa, na siku nyingine ningeitetea. Bila hiyo hakuna mtu angemkaribisha ndugu yake hata kwa likizo. Tatizo ni kwamba imetungwa kwa ajili ya mgeni, na Mzee hakuwa mgeni. Ardhi inayoachwa pori inavamiwa, na inaweza kufutiwa haki. Kilichowafanya Bwana Mkubwa na wanawe waonekane waendelezaji kwa miaka thelathini ni jembe la Mzee na la mkewe. Mwenyeji ndiye aliyekuwa akihifadhiwa na mgeni.

Bukoba walifanyaje

Mwenzetu mmoja ofisini, mwenyeji wa Kamachumu, alisoma jalada akacheka kicheko kibaya. "Hii ni nyarubanja," akasema. "Babu yangu alikuwa mtwarwa. Ila sisi tulikuwa na jina."

Kwa wasioijua: katika himaya za Wahaya, Mkama, yaani mfalme, aliweza kumpa ndugu yake au mtu wake eneo zima pamoja na watu waliomo. Wenye vibanja vya migomba ndani ya eneo lile wakaamka ni watwarwa, yaani wapangaji, na juu yao yupo mtwazi, bwana wa eneo. Walitoa lubisi, pombe ya ndizi, walitoa sehemu ya mazao, walitoa siku za kazi, na baadaye fedha. Wakoloni waliyakuta haya na hawakuyaondoa. Chini ya Wajerumani, Wakama waliopendelewa, Kahigi wa Kianja akiwemo, walizidi kuyapanua. Mtu aliyepanda migomba yake na kuzika wazazi wake humo alikuwa mpangaji juu ya makaburi yake mwenyewe.

Utawala wa machifu uliondolewa 1963. Mwaka 1965 Bunge likatunga sheria mahsusi ya kuwakomboa wapangaji wa nyarubanja, 1966 ikaja ya kutwaa mashamba ya vijijini na kuwagawia upya waliokuwa wakiyalima, na 1968 ukombozi wa wapangaji wa ardhi za kimila ukapelekwa nje ya Bukoba. Ndani ya miaka mitatu minne, aliyelima akawa ndiye mwenye kibanja. Utekelezaji ulikuwa na makwazo yake, wenzetu wa huko wanayajua, lakini angalia kilichouwezesha. Mtwarwa alijulikana ni mtwarwa. Alichotoa kilijulikana ni malipo. Bunge lilikuta uhusiano wenye pande mbili zenye majina, likaushika, likaugeuza.

Kwa Mzee hakuna cha kushika. Sheria ile iliua ukabaila uliokuwa na kodi. Huu wa pembezoni mwa Dar unaishi kwa sababu hauna: una salamu, una mjomba, una sanda na mchele. Ukitafuta mpangaji, humpati. Mfanyakazi naye hayupo. Wamejaa watu wa nyumbani, kutoka Kigamboni hadi Mkuranga, Bunju hadi Bagamoyo, kila mmoja analima mchicha kwenye kiwanja cha mtu ili pasiwe pori.

Barua yangu

Kosa langu ni hili. Kabla hatujamaliza kuchambua, nikiwa na hasira za fomu ile, niliandika barua kwa msimamizi wa mirathi nikadai Mzee ni mmiliki halali wa eneo lote kwa kulikalia zaidi ya miaka 12. Nilijua hoja ni dhaifu. Nilidhani nikianza juu tutashuka pazuri.

Dada Mkubwa alinipigia simu jioni ile ile. Alikuwa analia. Alisema alishawaambia ndugu zake mara mbili kwamba mjomba akatiwe kona yake, walikuwa wanaelekea kukubali, na sasa nimewaletea barua inayomwita mjomba mwizi wa shamba la baba yao. "Angeniambia mimi," alisema. "Kwa nini hakuniambia mimi?"

Nilimpelekea Mzee swali hilo. Akajibu kwamba mtu haendi kuomba alichokwisha kupewa.

Tulikwenda Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya 2021 mabaraza haya hayaamui tena migogoro ya ardhi, yanasuluhisha tu, na usuluhishi ukishindikana ndani ya siku 30 mnaelekea Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Vikao viwili havikuzaa kitu. Msimamizi wa mirathi alikuwa na wakili na fomu. Sisi tulikuwa na ungo wa Mama. Wilayani tungeshindwa, na nilimwambia Mzee hivyo waziwazi.

Aliyebadili mambo ni kijana wake wa mwisho, fundi rangi. Bila kumuuliza mtu, alichukua brashi akaandika kwenye ukuta wa kibanda unaotazama barabara, kwa rangi nyekundu: ENEO HILI LINA MGOGORO. OGOPA MATAPELI. Maandishi ya namna hiyo yamejaa Dar nzima, tumeyazoea, mengine yana umri kuliko nyumba zenyewe. Lakini mnunuzi, mfanyabiashara wa Kariakoo, alipopita na familia yake kuonyesha kiwanja, akayasoma. Kesho yake akasema halipi hata senti mpaka yafutwe.

Sheria zote nilizotaja hapo juu hazikumsogeza mtu. Kopo la rangi liliwasogeza. Nikishauri siku nyingine nitaanza na mnunuzi, siyo na mwenye hati.

Mapatano

Tulikutana ofisi ya serikali ya mtaa, Jumanne, benchi mbili zinatazamana. Dada Mkubwa alikaa benchi la akina Mzee. Sijui kama alifanya makusudi au nafasi ndiyo iliyokuwepo.

Walikubaliana hivi: eneo la mita 20 kwa 25, lenye nyumba, mkorosho wa kona na makaburi mawili, linabaki kwa Mzee, shilingi milioni nne kwa mazao, maandishi yafutwe. Piga hesabu. Ekari tano ni zaidi ya mita za mraba 20,000. Alichopata ni 500, sehemu moja ya arobaini. Mwenzetu wa Kamachumu alikasirika, alitaka tukatae. Mimi nilishauri akubali, kwa kuwa nilijua mlango wa wilaya unaishia wapi, na kwa kuwa kaburi haliwezi kusubiri rufaa. Bado sina uhakika kwamba nilishauri vizuri. Nusu ekari tungeweza kuipata kama barua yangu ingekuja na maneno mengine.

Mtendaji aliandika hati ya makubaliano kwa mkono, akasoma kwa sauti, akamsogezea Mzee kalamu. Mama, aliyekuwa kimya saa nzima, akauliza: "Langu liko wapi?" Mtendaji akasema jina la mzee linatosha, ni mume na mke. Mama akasema, "Nani alikuwa anapalilia?" Hakuna aliyejibu. Jina lake likaongezwa juu ya mstari, kwa herufi ndogo zilizobanana, na kila aliyehudhuria akasaini pembeni ya nyongeza ile. Ni karatasi mbaya kuitazama. Nimeshauri wairudie ikiwa safi kwa wakili, wapimiwe na kupata hati yao. Hadi naandika haya, upimaji wa kukata eneo haujafanyika.

Mnunuzi hana haraka ya kujenga. Ameweka uzio wa waya, na ili pasiwe pori amemwomba yule kijana fundi rangi akae kwenye kibanda cha getini, alime mchicha, aangalie bikoni zisihamishwe. Kijana amekubali, kazi za rangi zimekuwa chache. Nilimwandikia mkataba wa ukurasa mmoja: kazi yake ni nini, analipwa kiasi gani kwa mwezi, unaisha lini, mistari miwili ya sahihi.

Nilipita pale baada ya miezi miwili. Mchicha umestawi, anauza mafungu barabarani. Mkataba anao, kaukunja kwenye mfuko wa nailoni pamoja na kitambulisho cha NIDA. Haujasainiwa. Bosi alikuwa na safari ya China, akirudi atausaini, ni mtu mwema, alisema, na akanionyesha simu mpya aliyomletea kutoka safari iliyotangulia.